Mama Waliofunga Midomo

Asubuhi ile Injinia Kisanga alikuja kwenye chelezo changu amevaa viatu vipya, nikajua kuna kitu amekuja kuniomba. Mtu wa Mamlaka ya Ziwa akija kukukagua huvaa gambuti. Akija kukubembeleza huvaa viatu.

"Shikamoo, mama Subilaga."

"Marahaba. Vivue hivyo, utateleza uniangukie humu, na mimi leo sina nguvu za kumwopoa mtu."

Akavivua, akakaa pembeni yangu juu ya mbao. Ukungu ulikuwa haujaondoka. Ziwa Lusyebe liko ndani ya shimo la volkano, kuta zimelizunguka pande zote isipokuwa kusini, kwenye lango dogo ambako mto unatoka na kushuka bondeni kwa watu. Huko chini jogoo walikuwa wanawika na mtu alikuwa anapasua kuni.

Mimi nilikuwa na kioo changu cha kompyuta magotini. Kila nukta ya njano juu ya kile kioo ilikuwa mama mmoja wa nyamlomo, perege wa ziwa hili, ambao hawapatikani penginepo duniani. Nyamlomo hulea mdomoni. Hufumbata mayai humo mpaka yaanguliwe, halafu vifaranga huwaachia wacheze mbele yake. Kikitokea cha kuwatisha, wote hurudi mdomoni, naye anafunga. Hali chakula, hafukuzani na mtu, anakaa vile vile mpaka hatari ipite.

"Wamebaki wangapi?" aliuliza Kisanga.

"Unajua."

"Nataka kusikia kwako."

"Wa kuhesabu kwa vidole, na vidole vinabaki. Ziwa linazidi joto kila mwaka. Umeridhika?"

Alichukua kioo, akagusa pembeni, na nukta za bluu zikajaa kila mahali, mamia kwa mamia, katikati yao zile chache za njano zikawa hazionekani vizuri. Nilikuwa nimeambiwa habari za vivuli, ila nilikuwa sijaviona.

"Punje zimekusanya habari tangu enzi za bibi yangu," alisema. "Kila mama aliyepata kuishi humu, alifunga mdomo lini, maji yalikuwaje. Nimeifundisha mashine yote hayo. Sasa inajua kila samaki aliyekufa angefanya nini kama angekuwa hai. King'ora kinahitaji midomo mingi, mama. Hawa wa kwako hawatoshi tena."

Punje ni kidude kidogo kuliko ulezi, kila mama ameshonewa nyuma ya taya. Mdomo ukifunga, punje inasema, na nukta ya njano inakuwa nyekundu. Mama wengi wakifunga kwa pamoja, king'ora kinalia bonde zima na watu wanapanda mlimani. Maana chini kabisa ya Lusyebe kuna maji ambayo hayajawahi kuja juu, yameshiba hewa nzito inayotoka kwenye mwamba. Siku ikifumuka, hewa hiyo humwagika langoni na kushuka bondeni. Haina rangi, haina harufu, inapita chini chini kwenye mabonde, na aliyelala haamki. Ilikwisha kutokea zamani. Tangu hapo vyombo vingi vimeletwa, na hakuna hata kimoja kilichowahi kuwatangulia nyamlomo.

"Kwa hiyo king'ora sasa kinawasikiliza nani?" nikamuuliza.

"Wote. Walio hai na vivuli."

"Wote kwa usawa?"

"Kwa usawa."

"Basi walio hai wakifunga wote na vivuli vyako vikisema shwari?"

Alijikuna shingo. "Haijawahi kutokea."

"Wahenga walisema usiache mbachao kwa msala upitao, Kisanga. Wewe mbachao umeutupa kabisa, na huo msala ni wa hewani."

Akacheka kidogo, kwa sababu ni kijana mwenye adabu, kisha akatoa kilichomleta. Alitaka bomba lifunguliwe. Bomba lenyewe lilikuwa pale, nene kuliko mimi, limesimama katikati ya ziwa, mdomo wake wa chini umefika kwenye yale maji mazito. Ukifungua koki, maji ya chini yanapanda yenyewe na kuachia hewa yake juu kidogo kidogo, bila kumdhuru mtu. Lakini maji yale hayana pumzi ya kumtosha samaki. Yangetandaa, na kabla ya jua kuzama nyamlomo wangekuwa wamekwisha. Kuwahamisha kulikwisha jaribiwa. Mama ukimtia kwenye maji mengine, hata yawe mazuri vipi, hutema watoto wake na kufa.

Koki ilikuwa na ufunguo, na ufunguo ulikuwa shingoni mwangu. Mamlaka ilikubali hivyo tangu mwanzo, kwamba ulinzi wa samaki ni wa ukoo wa mume wangu. Baba yake alimwachia mume wangu Lwitiko, Lwitiko akafa kwa kifua, ukabaki kwangu.

"Heri nusu shari kuliko shari kamili," alisema Kisanga. "Kule chini kuna watoto, mama."

"Nawajua kwa majina. Jibu ni hapana. Vaa viatu vyako."

* * *

Jioni nilikwenda kumpa baba mkwe habari. Nilikaa nje ya ukuta wa jiko, yeye akakaa barazani upande wa pili, akanipa mgongo. Kwetu mkwe wa kike na baba wa mume hawaonani. Akipita njia moja na mimi, ninaingia kwenye migomba na kujikunyata mpaka hatua zake zipotee. Jina lake silitaji. Nimepika chakula chake tangu nilipoolewa na sijawahi kuiona sura yake ila kwenye picha. Wageni wakisikia hushangaa, wanasema dunia imekwenda wapi na ninyi mko wapi. Sisi tuko hapa hapa.

Ila maneno lazima yasemwe, na ya kwetu yalipitia kwa mbwa. Mbwa huyo aliitwa Watasema.

"Watasema," nilianza, "mwambie baba yako kwamba injinia amekuja tena na habari ya bomba."

"Watasema, muulize mkwe wangu alimjibu nini."

"Mwambie nilimjibu nilivyoahidi. Nikiwa hai, halifunguliwi."

Mbwa alipiga mkia chini, akapiga miayo. Nilimsikia akikoroga chai.

"Watasema, mwambie mkwe wangu ndaga, asante sana. Mwambie bibi yangu ndiye aliyeona kwanza, asubuhi ile wamefunga wote. Akapiga kelele, sisi watoto akatuburuta mlimani. Waliomcheka tuliwazika. Mwambie samaki hawa wametuzaa mara ya pili, na mtu hamwuzi mama yake."

Nikasema ndaga. Nilikuwa na furaha, sifichi. Nilikuwa nimeogopa kwamba uzee umemlegeza.

Watasema akainuka, akajinyoosha, akaelekea zake kwenye kishimo cha migomba nyuma ya nyumba. Alipenda kulala kule kwa sababu kuna ubaridi.

* * *

Siku ambayo vivuli viliachana na samaki ilikuwa ya kawaida. Mvua ilinyesha alfajiri ikakatika. Nilifika kwenye chelezo, nikateka ndoo ya maji ya juu kama nifanyavyo kila asubuhi kuyapima, nikafungua kioo.

Nukta zangu zote zilikuwa nyekundu.

Nilikaa chini. Nikadhani kioo kimeharibika, nikaingiza kichwa majini kwa miwani. Mama wa karibu alikuwa ametulia kando ya jiwe, koo limevimba, mdomo umebana kama wa mtoto anayekataa dawa. Mbele yake hapakuwa na kifaranga hata mmoja. Nikapiga kasia mpaka kwa mwingine, naye vile vile, kisha wa tatu.

Juu ya kioo bluu ilikuwa imetanda shwari. Mamia ya samaki ambao hawapo walikuwa wanacheza na watoto wao. King'ora kilikuwa kimya.

Nikampigia Kisanga, aliyekuwa ofisini kwao mjini.

"Wamefunga wote," nilimwambia.

"Subiri niangalie." Nilimsikia akigonga gonga. "Mama, huku ni shwari. Wachache wa kwako, inawezekana mwewe amepita."

"Mwewe gani anapita ziwa zima kwa wakati mmoja? Piga king'ora."

"Siwezi kukipiga kwa mkono. Baada ya king'ora kulia bure siku ile, watu walipokanyagana, Mamlaka ilitoa ile swichi. Unajua hilo. Kilichobaki ni bomba. Na bomba liko kwako."

Nikakata simu. Nilimtukana, tusi ambalo sitaliandika. Kisha nikapiga kasia kuelekea langoni, kwa sababu bondeni kuna mtu mmoja tu ambaye akisema pandeni watu wanapanda bila kwanza kutazama ubao wa Mamlaka pale sokoni, unaoonyesha nukta hizi hizi, na mtu huyo mimi siruhusiwi kusimama mbele yake.

Nyumba yetu ndiyo ya kwanza ukitoka langoni. Nilipokuwa nakimbia nilikuwa napanga nitakavyosema. Nitamwita Watasema, nitasema kwa sauti kubwa, mzee atasikia. Nikaita. Watasema hakuja. Nikaita tena, na wakati huo huo baba mkwe akatokea kwenye kona ya njia akiwa na fimbo yake, mbele yangu kabisa.

Miguu yangu ilitaka kuingia kwenye migomba, nikaikatalia. Nilibaki njiani. Basi yeye, kwa heshima yake, alipoona mimi sitoki, akatoka yeye. Alijifunika blanketi usoni, akashuka pembeni, akaingia kwenye kishimo cha migomba ili anipishe. Akanipa mgongo na kuanza kuchutama, kama ilivyo adabu, asubiri nipite.

"Watasema!" niliita, na hapo nikamwona. Alikuwa amelala mahali pake pa siku zote, hatua chache kutoka kwa mzee, ulimi nje. Kuku wawili walikuwa pembeni yake wamelala kwa ubavu. Kuku halali kwa ubavu.

Nilishuka mle nikiwa nimebana pumzi, nikamshika baba wa mume wangu mkono, nikamvuta juu. Alikuwa mzito na alinisukuma. Sijawahi kuona aibu kama ile, na sikumwachia. Tulipofika njiani blanketi lilikuwa limeanguka, anahema, na alinitazama usoni. Nami nikamtazama. Jicho lake moja lilikuwa na mtoto wa jicho, jeupe kabisa. Miaka yote ile sikulijua hilo, na hakuna aliyewahi kumpeleka hospitali.

Akageuka kumwangalia mbwa.

"Wamefunga?" aliuliza. Aliniuliza mimi.

"Wote, tata." Ilikuwa mara ya kwanza kumwita baba uso kwa uso.

"Na king'ora?"

"Kimya."

Akaokota blanketi lake, hakujifunika tena. "Mimi nitawapandisha watu. Wewe nenda kafungue bomba."

"Niliahidi, tata."

"Uliniahidi mimi. Nimekurudishia ahadi yako. Nenda."

Ni rahisi kusema aliamua yeye. Nilipofika kwenye koki nilikuwa peke yangu, na ufunguo ulikuwa wangu. Ningeweza kungoja. Pengine watu wangefika juu kwa wakati, pengine ziwa lingetulia, na mama wale wangeachia watoto wao jioni kama kawaida. Nilisimama nikayafikiri yote hayo huku nasikia sauti ya mzee kwa mbali ikiita majina ya watu, nyumba kwa nyumba, na mtoto akilia. Nikazungusha.

Bomba lilinguruma. Maji yakaruka juu kupita miti, meupe kwanza, baadaye yenye rangi ya kutu, na yalipoangukia ziwani rangi ikatandaa kuja kwangu. Niliwaomba msamaha kwa sauti, mmoja mmoja, kwa majina niliyowapa. Ukiniuliza walisikia nini, sijui.

Adhuhuri nyamlomo walianza kuelea juu ya maji. Wote walikuwa wamefunga. Samaki anayekosa hewa hufungua mdomo, kila mtu anajua, hata aliye kwenye kapu la mvuvi hufungua. Hawa walikufa wamefunga. Nilimchukua aliyekuwa karibu, nikautia ukucha kwenye ule mdomo, na haukutaka kufunguka. Ulipofunguka vifaranga walimwagika kiganjani mwangu, wanacheza.

Ile ndoo ya asubuhi, maji safi ya juu, bado ilikuwa kwenye chelezo. Nikawatia humo.

* * *

Hakuna aliyekufa bondeni. Watu walilala mlimani, wakashuka kesho yake, wakachinja ng'ombe. Kisanga alikuja na gambuti, akapima kila kona, akaniambia ziwa limeimwaga hewa yake yote, limebaki maji matupu. Aliniletea kipampu kidogo cha kutia hewa kwenye ndoo. Alikuwa amelia, macho yalionyesha, sikumsema.

"Basi ondoa vivuli kwenye ubao wa sokoni," nikamwambia. "Watu wanapita wanasema samaki wamerudi."

"Nikiviondoa king'ora hakina cha kusikiliza, mama."

"Hakina sasa hivi."

"Viache vikae. Watu wanapata usingizi."

Ubao ukabaki, bluu yake imetanda, na watoto wa shule wakawa wanasimama kuutazama.

Nyumbani tulirudi kwenye ada yetu. Mzee alikaa barazani akanipa mgongo, nami nikakaa nyuma ya ukuta wa jiko. Ila Watasema hakuwepo tena, na jioni ya kwanza tulikaa hivyo hivyo, kila mtu na lake moyoni, mpaka chai ikapoa. Kesho yake nikaiweka ndoo barazani, kwenye kivuli. Nikamsikia akikohoa.

"Enyi wa kwenye ndoo," alisema, "mwambieni mkwe wangu sukari imezidi."

Nilicheka hadi nikajifuta machozi. Tangu hapo tukawa tunasema kupitia kwao. Vifaranga walikuwa wanakua. Kila nilipoingiza mkono kubadili kipampu walikuja kunusa kiganja changu, wakaondoka. Kilikunjika kikawa na shimo, ila hakikuwa mdomo.

Alasiri moja nilikuwa naosha kingo za ndoo. Mzee alikuwa anawasimulia habari za bibi yake. Nikiwa bado na mkono ndani, kiganja kimekunjika kidogo, wakaja wote kwa mara moja. Waliingia katikati ya vidole, wakabanana, wakatulia. Nilikaa bila kusogea. Nilingoja waondoke. Nilihisi mioyo yao midogo kwenye ngozi yangu.

Kwa mkono mwingine nikafungua kioo. Bluu, shwari. King'ora kimya. Kuku walikuwa wanachakura uani kama siku zote.

"Enyi wa kwenye ndoo," aliita mzee, "mbona mkwe wangu amenyamaza?"

Nilisikia kiti chake kikisogea. Aligeuka, akatazama ndani ya ndoo, akatazama mkono wangu, kisha akanitazama mimi. Akachukua fimbo yake.

Nilinyanyua ndoo kwa mkono mmoja. Ule mwingine sikuutoa, walikuwa bado humo.

Ilibidi tupite sokoni. Watu walikuwa wengi, wanapunguziana bei, na juu ya vichwa vyao ubao ulikuwa unaonyesha samaki wanacheza. Mzee alisema pandeni. Vijana wawili wakatazama ubao, wakatabasamu, wakamwambia mzee, ziwa limekwisha mwaga hewa yake, injinia alisema. Alisema tena, sauti ikamkwama. Mimi nilikuwa begani kwake, uso wangu wazi, bega langu limegusana na lake.

Kulikuwa na mama mmoja ameketi nyuma ya fungu lake la maparachichi, mkwe wa watu kama mimi. Alitazama ubao. Halafu akatutazama sisi, mkwe na baba wa mume wamesimama pamoja, wanaonana, mbele ya watu wote. Akaacha kutabasamu. Hakumuuliza mtu kitu. Alimfunga mtoto wake mgongoni, akayaacha maparachichi pale pale chini, akaanza kupanda mlima.